Ngogo wa mikokoni na milango ya mito: maswali yanayoulizwa mara kwa mara

Ngogo anayezungumziwa hapa ni yupi?

Ni Plotosus lineatus, ndugu wa baharini wa kambare. Ni mweusi au wa kahawia iliyokolea, tumbo jeupe, na kila ubavu una mistari miwili myembamba, myeupe au ya manjano hafifu, inayotoka kichwani hadi karibu na mkia. Hana magamba. Mdomoni ana sharubu jozi nne. Akikua sana hufika sm 32, ila wengi wanaonaswa hawazidi sm 25. Mwanasayansi wa Sweden, Thunberg, ndiye aliyemwandika kitaalamu kwa mara ya kwanza mwaka 1787.

Majina ya samaki hubadilika toka bandari moja hadi nyingine, kwa hiyo usitegemee jina pekee. Gogogo wa Ziwa Victoria, kwa mfano, ni samaki mwingine kabisa (Synodontis), ingawa naye ana miiba. Na pwani ya Afrika Mashariki yupo pia Plotosus limbatus, wa ukoo uleule lakini asiye na mistari. Huyo naye ana miiba mitatu. Mshike kwa tahadhari ileile.

Nitamtofautishaje na hongwe, kambare au mkunga?

Tazama mkia kwanza. Hongwe ana mkia uliogawanyika panda mbili kama wa samaki wengi, rangi ya fedha, na kijipezi kidogo cha nyama mgongoni karibu na mkia. Ngogo hana panda: pezi lake la pili la mgongoni ni refu, linaungana na mkia, kisha na pezi la chini, hadi nyuma yote inachongoka kama ya mkunga.

Mkunga mwenyewe hana sharubu. Kambare wa mtoni ana pezi moja refu la mgongoni lisilo na mwiba mbele, na mkia wake umesimama peke yake, wa duara. Ngogo ana kijipezi kifupi nyuma tu ya kichwa, na ukingo wa mbele wa kijipezi hicho ndio mwiba.

Mistari isikudanganye. Kwa wachanga hung'aa sana, kwa wakubwa hufifia, na kwenye maji ya tope au chini ya taa ya betri huenda usiione.

Anaishi wapi?

Kuanzia Bahari ya Shamu, pwani yote ya Afrika Mashariki, kuvuka Bahari ya Hindi hadi visiwa vya Samoa katika Pasifiki. Hukaa tangu vidimbwi vinavyobaki maji yanapokupwa hadi kina cha mita 60 hivi. Ni kambare wa pekee aliyeyazoea maisha ya kwenye matumbawe, ndiyo maana wapiga mbizi wengi humjua kama samaki wa mwambani.

Lakini kwa watu wa pwani anakutwa zaidi horini (mkono wa bahari unaoingia nchi kavu), kwenye mikoko, kwenye nyasi za baharini na milango ya mito. Mahali hapo pana mambo matatu anayoyapenda: tope laini lililojaa minyoo na kaa wadogo, mizizi na mashimo ya kujificha mchana, na maji yenye vumbi la udongo yanayowapunguzia nguvu wawindaji wanaotegemea macho. Yeye macho hayamsaidii sana, kwa hiyo maji yakichafuka hapotezi kitu.

Je, anapanda mtoni hadi maji matamu?

Huweza kuingia sehemu za chini za mito, kule ambako maji ya kujaa bado yanafika. Si samaki wa kumtafuta bara. Mvua za masika zikishusha mafuriko na maji ya mlangoni yakapoteza chumvi, tarajia kumkuta zaidi upande wa bahari.

Mwili wake una kifaa cha ajabu kwa ajili ya chumvi. Nyuma tu ya tundu la haja ana kijinyama chenye matawi kama kichaka kidogo, nacho hutoa chumvi iliyozidi mwilini. Samaki wengi wa baharini huifanya kazi hiyo kwa mashavu. Ukimgeuza ngogo chali utakiona, na wauzaji wengine hukidhania kuwa ni ugonjwa au mayai yaliyotoka. Ni mzima huyo.

Anatoka saa ngapi?

Usiku. Mchana wakubwa hujibana chini ya miamba, ndani ya mapango madogo na katikati ya mizizi, peke yao au kwa vikundi vya hadi 20 hivi. Jua likizama hutoka mmojammoja kwenda kuchakura mchanga.

Hapo ndipo ratiba ya bahari inapokuwa na maana. Wakati wa bamvua maji hukupwa mbali sana na watu wengi hushuka mwambani kutafuta pweza, chaza na kaa. Ngogo aliyekuwa kwenye maji ya kiuno sasa yuko kwenye kidimbwi cha kufika kifundo cha mguu, chini ya jiwe lilelile unalotaka kuligeuza. Mkono unaoingizwa tunduni kumpapasa pweza unaweza kukutana naye kwanza. Tumia kijiti, na geuza jiwe kwa kulivuta upande wako ili uwazi utazame baharini. Kilicho chini kipate pa kukimbilia pasipo miguu yako.

Kwa nini watoto wake huenda kama mpira unaobiringika?

Wachanga hukaa kwa makundi ya samaki kama 100, wameshikamana kiasi kwamba kwa mbali unaona donge jeusi linalotambaa sakafuni. Walio mbele huchakura na kula, wa nyuma huwapanda na kuja mbele, wale wa mwanzo wakabaki nyuma, na mzunguko ukaendelea. Ndiyo sababu donge linaonekana kubiringika. Anayewinda samaki mmoja hapati wa kumlenga, na akikurupuka kulimeza donge hukutana na miiba.

Watafiti wa Japani walionyesha kwamba wachanga hutambuana kwa harufu ya mafuta yaliyo kwenye ute wa ngozi, na kwamba hupendelea harufu ya kundi lao kuliko ya kundi jingine. Katika Pasifiki ya magharibi yupo samaki asiye na sumu, Pholidichthys leucotaenia, ambaye watoto wake wana mistari kama ya ngogo na huogelea kwa donge vivyo hivyo.

Kwa mtoto wa binadamu anayecheza ufukweni, donge hilo linavutia kulitia mikono. Miiba ya wachanga ni midogo lakini sumu wanayo. Waonyeni watoto mapema.

Anakula nini, na anakionaje kwenye tope?

Kaa wadogo, kamba, uduvi, minyoo, konokono na chaza wadogo, na mara nyingine samaki. Huvipata kwa sharubu, ambazo zimejaa viungo vya kuonjea, na kwa viungo vidogo vya ngozini vinavyohisi umeme hafifu unaotoka kwenye mwili wa kiumbe hai aliyefukiwa.

Ndugu yake wa Japani, Plotosus japonicus, aliwashangaza watafiti mwaka 2014: mnyoo anapopumua ndani ya shimo lake hubadilisha kidogo sana uchachu wa maji pale mlangoni, na samaki huyo aliyahisi mabadiliko hayo kwa sharubu, gizani, bila kumwona wala kumgusa mnyoo. Kwa hiyo ukitega ndoana kwa ajili ya changu usiku, chini kabisa, kwa chambo cha kamba au mnyoo, usishangae akija ngogo. Chambo kikiinuliwa nusu mita juu ya mchanga, ngogo hupungua.

Huzaaje?

Hupevuka akiwa na umri kati ya mwaka 1 na 3. Dume huandaa kiota chini ya jiwe au kwenye mwanya wa mwamba, jike hutaga mayai makubwa kiasi yanayozama, na dume hubaki kuyalinda. Wakianguliwa, watoto huelea na mkondo kwa muda kabla ya kushuka chini na kuunda makundi.

Hongwe ana njia nyingine: dume huyabeba mayai mdomoni hadi yaanguliwe, na muda huo hali chakula. Ukikuta dume la hongwe mdomo umejaa shanga kubwa za manjano, hayo ni mayai yake, si chakula.

Sumu iko wapi?

Kwenye miiba mitatu: mmoja mbele ya pezi la kwanza la mgongoni, na mmoja kwenye kila pezi la kifuani. Hakuna mwiba mkiani. Sharubu hazichomi, na meno si tatizo.

Mwiba ni mfupa wenye meno pembeni kama msumeno, umevikwa ngozi nyembamba iliyo na seli za sumu. Hauna tundu kama jino la nyoka. Unapoingia mwilini ngozi ile hupasuka, seli hupasuka nayo, na sumu hupakwa ndani ya jeraha. Meno ya pembeni hupanua jeraha wakati wa kuingia, na zaidi wakati wa kutoka. Ndiyo maana anayeuvuta kwa hasira huumia mara mbili, na ndiyo maana vipande vya mwiba au ngozi yake hubaki ndani.

Akishtuka, ngogo huisimamisha miiba na kuifunga kwenye viungo vyake. Ikishafungwa hailali kwa kusukumwa, na anaweza kufa ikiwa bado imesimama. Ute wa ngozi yake nao una kemikali zinazowasha, hasa ukiingia kwenye mchubuko au jichoni.

Je, anashambulia watu?

Hapana. Karibu kila anayechomwa amemshika, amemkanyaga, au alikuwa akimtoa wavuni. Anayechomwa zaidi ni mvuvi, na mahali ni kiganjani na vidoleni.

Nimechomwa. Nifanye nini sasa hivi?

Toka majini kwanza. Maumivu huanza papo hapo, hupanda kwa muda wa saa moja hivi, na wengine huhisi kizunguzungu au kukazwa misuli. Ukiwa ndani ya maji hata ya kifuani unaweza kuzama.

Vua pete, saa na bangili za mkono ulioumia kabla haujavimba. Kipande cha mwiba kinachoonekana na kulegea kitoe kwa kibano. Kilichozama, kilicho karibu na kiungo, au kilichoingia shingoni, kifuani au tumboni kiache kama kilivyo, mgonjwa apelekwe hospitali. Osha jeraha kwa maji safi mengi.

Kisha maji ya moto. Sumu hii ni protini na huharibiwa na joto, na maji ya moto hupunguza maumivu kuliko vidonge vingi. Yanatakiwa yawe nyuzijoto 40 hadi 45, na kiungo kizamishwe kwa dakika 30 hadi 90.

Bila kipimajoto, changanya hivi: kikombe 1 cha maji yaliyochemka sasa hivi kwa vikombe 4 vya maji ya kawaida ya pwani, ambayo huwa kwenye nyuzijoto 28 hivi. Utapata kama nyuzijoto 42. Ukitia vikombe 3 tu vya baridi utafika 46, nayo tayari inaunguza. Kama maji yametoka kwenye chupa ya chai iliyokaa saa kadhaa, yamepoa. Anza na vikombe 3 vya baridi kisha upime.

Kupima ndiko kunakokosewa sana. Mkono uliochomwa umekufa ganzi au una maumivu makali, hauhisi moto sawasawa. Watu wamebabuka ngozi kwa kuponya mwiba. Apime mtu mwingine, au tumia mkono mzima, na mkono huo mzima uuzamishe pamoja na ulioumia muda wote. Maji yakipoa, toa mikono nje ya ndoo, ongeza ya moto, koroga, pima, ndipo urudishe. Maumivu yakirudi baada ya kutoa, rudia. Kwa mtoto kuwa mwangalifu zaidi, maana ngozi yake huungua upesi.

Chomboni, chupa moja ya maji ya moto kando na ile ya chai inatosha kuanzia.

Baadaye paracetamol kwa kipimo cha kawaida, kiungo kiinuliwe, jeraha lifunikwe kwa kitambaa safi bila kubanwa.

Mambo gani yasifanywe?

Usifunge kamba juu ya jeraha: haizuii maumivu na inakata damu. Usichanje kwa wembe, usifyonze kwa mdomo. Petroli, mafuta ya taa, mkojo na majivu haviharibu sumu, vinachafua jeraha tu. Barafu hufariji kwa dakika chache kisha maumivu hurudi. Kwa sumu hii tiba ni joto. Wala usioshe kwa maji ya horini, ambayo yana vijidudu vingi.

Ni lini lazima niende hospitali?

Mara moja: ukipumua kwa shida, uso au midomo ikivimba, ukizimia, moyo ukienda mbio, au ukichomwa kifuani, tumboni, shingoni au jichoni. Pia mwiba ukiwa umekatikia ndani. Ni mfupa, kwa hiyo mara nyingi eksirei huuonyesha.

Ndani ya siku moja au mbili: wekundu unaopanda mkono, usaha, homa, malengelenge meusi, au maumivu yanayozidi baada ya kuwa yameanza kutulia. Kwa kawaida maumivu hupungua ndani ya saa chache, na kwa wengine hadi siku mbili. Yakienda kinyume na hapo, tatizo si sumu tena, ni vijidudu.

Mwambie daktari waziwazi kwamba ni jeraha la samaki wa baharini. Maji ya chumvi na ya mlangoni yana bakteria kama Vibrio, na dawa ya kawaida ya kidonda cha nyumbani huenda isiwatoshe. Ulizia chanjo ya pepopunda kama hukumbuki ya mwisho ulichoma lini. Mwenye kisukari au ugonjwa wa ini asisubiri dalili. Aende siku ileile. Na jeraha la kina lisishonwe kwa haraka, maana kufunga mlango ni kufungia uchafu ndani.

Vifo ni nadra sana. Kupoteza matumizi ya kidole kwa sababu kipande cha mwiba kilisahaulika karibu na kiungo si nadra hivyo.

Je, ngogo aliyekufa anachoma?

Ndiyo. Mwiba haujui kwamba mwenyewe amekufa, na ngozi yenye sumu bado ipo. Kugandisha hakuisafishi. Aliyekaushwa, hata kama sumu imepungua, mwiba wake bado ni msumeno mchafu. Wengi huchomwa sokoni, kwenye kapu, au wanapokanyaga masalia yaliyotupwa ufukweni wavu ulipokuwa ukisafishwa.

Namtoaje wavuni au kwenye ndoana?

Kwenye ndoana ni rahisi: kata uzi. Ndoana ni shilingi chache.

Kwenye wavu meno ya miiba hujifunga kwenye nyuzi, na kadiri anavyojipinda ndivyo anavyojifunga. Mlaze kwenye ubao, mbane mwili kwa kipande cha mti nyuma ya kichwa, kisha kata miiba mitatu kwenye shina kwa plaizi ya kukatia, ukianza na wa mgongoni. Baada ya hapo ni samaki kama wengine. Mwiba ukiwa umefichwa na nyuzi, kata macho mawili matatu ya wavu kwa kisu; kuyaziba jioni ni kazi ya dakika kumi.

Glovu za mpira za jikoni hazizuii chochote. Za ngozi nene, kama za mafundi wa kuchomelea, husaidia, lakini usizifanye sababu ya kumkamata kwa kiganja. Na usikung'ute wavu usiku bila taa.

Miiba iliyokatwa itie kwenye kopo na uifukie mbali na njia.

Analiwa?

Analiwa, na nyama yake ni nzuri, laini, isiyo na miiba midogo mingi. Moto wa kupikia huharibu sumu.

Akishakatwa miiba, mpake chumvi ya mawe au majivu kuondoa ute, huku umevaa glovu, kisha msuuze. Kata ngozi kuzunguka nyuma ya kichwa, shika ukingo kwa koleo na uvute kuelekea mkiani. Huvuka yote kama soksi. Toa matumbo, kata kichwa. Wengi humbanika kwanza kisha humtia kwenye mchuzi wa nazi, na ndivyo anavyostahili: akitiwa mbichi huvunjikavunjika.

Wanaotanda uduvi (kuuvua kwa kitambaa) na wakulima wa mwani wavae nini?

Viatu vilivyofunika mguu wote, vyenye soli ngumu. Kandambili na soksi za plastiki hazitoshi. Mwiba hupita pembeni, na soli nyembamba huipenya. Tembea kwa kuburuza miguu badala ya kuinua na kukanyaga, na faida yake ni mbili, kwani samaki aitwaye taa aliyejifukia mchangani naye hukimbia. Wanaotanda wasibane kitambaa mkononi kabla ya kumwaga walichopata kwenye beseni na kukikagua.

Naweza kumfuga kwenye tangi?

Wachanga huuzwa kwa mapambo kwa sababu ya mistari. Wanunuzi wengi hujuta: wanakua upesi, mistari inafifia, wanajificha mchana, na wanameza samaki wadogo wenzao. Mmoja peke yake hudhoofika, kwa hiyo unalazimika kufuga kundi, na kundi la samaki wa sm 25 kila mmoja linataka tangi kubwa lenye mchanga laini. Usiwahamishe kwa kimia cha nyuzi kwani hunasa miiba. Tumia chombo cha plastiki.

Walioko Ulaya wajue jambo moja zaidi. Ngogo aliingia Mediterania kupitia Mfereji wa Suez, akagunduliwa pwani ya Israel mwanzoni mwa miaka ya 2000, na akazaliana upesi kwenye sakafu za mchanga na tope hadi akawa kero kwa wavuvi wa huko, ambao hawakumzoea. Mwaka 2019 Umoja wa Ulaya ulimtia kwenye orodha ya viumbe vamizi. Kumwingiza, kumfuga, kumuuza au kumzalisha katika nchi za Umoja huo ni kosa.

Kwetu je, auawe kila anapopatikana?

Hakuna sababu. Huku ni kwao, na kazi yake ya kuchakura tope ni sehemu ya maisha ya hori. Kama humli, mwachie upande wa maji ya kina, si kando ya ngazi wanakoogelea watoto.